Ukoka Umepita Mchujo

Wiki mbili za Februari 2025 zilinipa burudani ambayo hapa Kalemie nadhani niliifurahia peke yangu. Tarehe 16, huko California, Ludvig Åberg wa Uswidi alishinda mashindano ya gofu ya Genesis Invitational. Tarehe 23, Nairobi, Jacques Kruyswijk wa Afrika Kusini akashinda Magical Kenya Open. Waandishi wa michezo walizileta kama habari mbili: moja ya matajiri wa Marekani, nyingine ya Afrika na jua lake. Mimi niliiona habari moja, sababu kwenye viwanja vyote viwili alikuwepo mshiriki ambaye hayumo kwenye orodha ya matokeo. Mshiriki huyo ni nyasi, na hizo nyasi ni za kwetu.

Najua mtakachosema, maana nimeshaambiwa nyumbani: "Sasa weye, mutu wa lisansi, unamaliza mega kwa kuangalia batu banatafuta kamupira mu majani?" Ndiyo. Ninaangalia. Na leo nataka kuwakosoa wale wanaotusimulia huo mchezo, halafu nitugeukie sisi wenyewe kidogo.

Kwanza niwape haki yao. Habari za gofu zinachekesha kuliko za mpira wa miguu. Mei 2024, Scottie Scheffler, namba moja wa dunia, alikamatwa na polisi asubuhi mbele ya geti la kiwanja kule Louisville kwa sababu ya msongamano wa magari. Akapelekwa korokoroni, akajinyoosha viungo mle mle ndani, akaachiwa, akarudi kiwanjani kwa wakati na kucheza vizuri kuliko wengi waliolala hotelini. Baadaye mashtaka yakafutwa. Rory McIlroy alikaa tangu 2014 bila kushinda shindano kubwa hata moja, hadi Aprili 2025 pale Augusta, na alipomaliza akaanguka kwa magoti analia kama mtu aliyetetea memuari mara ya nne. Ile ligi ya pesa za Saudia, LIV, ilichukua jina lake kwenye namba za Kirumi, yaani 54, kwa kuwa walicheza mashimo 54 badala ya 72. Kwa msimu wa 2026 wakahamia mashimo 72 na jina likabaki lile lile. Ni kama duka linaloitwa "Vyote Franka Mia" na ndani hakuna kitu cha franka mia.

Hayo yote wanasimulia vizuri. Lakini sikiliza saa nne nzima za matangazo, na ile sauti yao ya kunong'ona kama watu walio kwenye matanga. Watakuambia upepo unatoka wapi, viatu vya mchezaji ni vya kampuni gani, mke wake anatarajia lini. Nyasi watazitaja wakati mmoja tu: mchezaji akikosa. Hapo njo utasikia kwamba majani ni mabaya, yameshika fimbo, yamemeza mpira. Nyasi kwao ni kama refa kwenye derbi, hana jina mpaka timu ifungwe.

Turudi Februari. Genesis Invitational kwa kawaida inachezwa Riviera, mjini Los Angeles. Januari 2025 moto mkubwa uliunguza vitongoji vya jirani, watu wakapoteza nyumba na wengine maisha, ikabidi mashindano yahamishwe hadi Torrey Pines, karibu na San Diego. Watangazaji walirudia mara nyingi kwamba wachezaji wamehamishiwa kiwanja tofauti kabisa. Kwa macho ya bahari na mawe, kweli ni tofauti. Kwa macho ya agronomi, walihama chumba ndani ya nyumba moja. Riviera ni maarufu kwa nyasi za kikuyu, na Torrey Pines vilevile kikuyu ndiyo imelala chini, na juu yake wanasia nyasi za majira ya baridi.

Kikuyu ni nani? Jina lenyewe linasema: limetoka kwa Wakikuyu wa Kenya. Ni nyasi za nyanda za juu za Afrika Mashariki, kuanzia Ethiopia hadi huku kwetu mashariki mwa Kongo. Ukipanda Masisi, kule Kivu ya Kaskazini, zile malisho za kijani ambazo kila mtu anapiga nazo picha na ng'ombe, sehemu kubwa ni kikuyu. Kalemie hapa hatuna sana, ziwa liko chini, mita 770 hivi, na joto letu yeye halipendi. Anapenda mita 1.500 kwenda juu.

Mwanzoni mwa karne iliyopita ilipelekwa Afrika Kusini, na baada ya hapo ikavuka bahari. California waliipokea kwa kazi ya kushika udongo kwenye kingo za mifereji. Ilishika kweli, kisha ikakataa kubaki mferejini. Inatambaa juu ya ardhi kwa vikonyo na chini ya ardhi kwa vikonyo vingine, inafunga kama mkeka. Ikaingia kwenye bustani, mashambani, na mwishoni kwenye viwanja vya gofu, ambako wenye viwanja walipochoka kuipiga waliamua kuikata fupi na kuipenda. Hadi leo serikali ya Marekani inaiweka kwenye orodha ya magugu hatari, wakati mabilionea wanalipa wapate kuitembelea. Mtu anayetafutwa na polisi huku ni mgeni rasmi kwenye harusi: hadithi ya Scheffler hiyohiyo, ila yeye yalimwisha kwa siku chache.

Kwa mchezo, kikuyu ina tabia mbili. Ikikatwa vizuri, majani yake magumu yanauinua mpira, unakaa juu kama yai juu ya ufagio, na mchezaji anaupiga kwa raha. Lakini karibu na shimo, ukitaka kuusukuma mpira mdogo mdogo udunde na kutambaa, majani yaleyale yanaushika na unakwama. Tiger Woods ana ushindi 82 kwenye ligi kuu ya Marekani, na Riviera hajawahi kushinda, ingawa alianza kucheza pale akiwa na miaka 16. Ningependa sana kuandika kwamba majani ya mbuzi wetu yamemshinda Tiger. Bahati mbaya Torrey Pines ameshinda mara nane, sasa tuache uongo. Tuseme mechi ni sare.

Wiki moja baadaye kamera zikafika Muthaiga, Nairobi. Kenya Open si mtoto: ilianza 1967, Seve Ballesteros aliishinda mwaka 1978 kabla dunia haijamjua vizuri, na mwaka 2025 zawadi za jumla zilikuwa dola milioni 2,5. Nilisubiri. Nikasema hapa sasa, kwenye ardhi yake ya kuzaliwa, kikuyu itatambulishwa. Nani! Tulipewa nyani wakivuka kiwanja, miti mizuri, wacheza ngoma, na maelezo ya kwamba mpira unaruka mbali kwa sababu Nairobi iko juu. Majani yakatajwa pale mzungu mmoja alipopotelea pembeni, na yakatajwa kama shida ya Afrika, kama nzi na barabara.

Hapo njo ninakasirika kidogo. Katika miaka yote hiyo hakuna Mkenya aliyeshinda Kenya Open. Jacob Okello aligusa mwaka 1998, akafikia raundi ya ziada, akapoteza kwa Ricardo González wa Argentina. Wenyeji wengi wanaonekana kwenye picha wamebeba mifuko ya fimbo za wengine. Kama kwenye mchezo huo kuna kitu kimoja cha kwetu ambacho kimefika kila mahali kwa nguvu zake, ni hicho walichokanyaga. Mtangazaji angetumia dakika moja tu, moja kwa saa nne, mtoto wa Kiambu angejua kwamba majani ya nyuma ya nyumba yao yako Los Angeles na yana mashabiki.

Sasa tuje kwetu. Kikuyu tunaweza kusema ni ya watu wa milimani. Lakini kuna ndugu yake anayeishi kwa kila mtu hapa: ukoka, ule ambao kwenye fakulte tunauita kwa Kifaransa chiendent, Cynodon dactylon. Mama yeyote mwenye shamba la mihogo anaujua. Unaung'oa leo, kipande kidogo kikibaki kwenye udongo, mvua ikinyesha umerudi na jamaa zake.

Huko Tifton, jimbo la Georgia, mtafiti anayeitwa Glenn Burton aliuchukua ukoka huo kwa uzito. Aliuchanganya na ndugu yake mwembamba wa Afrika Kusini, Cynodon transvaalensis. Mwaka 1956 ikatoka aina ya Tifgreen. Mwaka 1960 ikatoka Tifway, ambayo chimbuko lake ni mbegu zilizotumwa kutoka Johannesburg. Aina hizi na wajukuu wake zimefunika viwanja vya gofu kote kwenye sehemu za joto duniani, na viwanja vya mpira pia. Hazitoi mbegu zenye uhai. Zinapandwa kwa vipande vya shina, namna ileile tunavyopanda muhogo. Hata Augusta, ambapo McIlroy alilia, chini ya ile kijani ya Aprili kuna ukoka unaosubiri joto lake.

Kwa lugha ya gofu, baada ya siku mbili kunakuwa na mchujo: karibu nusu ya wachezaji wanafungasha, waliobaki wanacheza Jumamosi na Jumapili wagawane pesa. Ukoka unapita mchujo kila wiki.

Na sisi tunaufundishwa wapi? Kwenye somo la magugu. Swali la mtihani ni moja: utauangamiza vipi? Simlaumu mwalimu, maana mkulima anayepoteza mihogo hana haja ya hadithi za Georgia, na jembe lake lina haki. Ninacholalamikia ni kwamba tumesoma nusu ya mmea. Ule ukaidi unaotutesa shambani ndio uliomvutia Burton. Tulimwachia mtu wa mbali aone faida, halafu tunanunua kwake. Katika nchi ya kobalti sina haja ya kueleza zaidi hiyo tabia.

Mtaniuliza: basi unataka gofu Kalemie? Hapana. Lubumbashi wanacho kiwanja, Kinshasa pale Gombe wanacho, wachezeni huko. Kiwanja cha gofu kinakula ardhi na maji, na mimi sitaondoa hindi la mtu ili mwingine atafute kamupira. Nataka vitu viwili vidogo.

Cha kwanza, angalieni watoto wetu wanachezea mpira wapi: mchanga, changarawe, vumbi wakati wa kiangazi, tope wakati wa masika, magoti yamechubuka. Ukoka uko bure. Unachimbwa, unakatwa vipande, unapandwa mwanzoni mwa mvua, unazuiwa watu na mbuzi wiki kadhaa, unakatwa mara kwa mara ili ujifunge. Kazi ngumu ni kumzuia mtoto na mbuzi. Sehemu iliyobaki tumeisomea, iko kwenye daftari zetu, ila tuliandika kwa kichwa cha "adui". Na pale mvua inapochana vilima vyetu na kuteremsha udongo hadi ziwani, tukumbuke ni kazi gani iliyoipeleka kikuyu California.

Cha pili ni jina letu. Chama cha gofu cha Marekani kina idara ya nyasi tangu 1920. Nyuma ya kila shindano mnaloliona kuna agronomu aliyefika kiwanjani usiku bado, anapima unyevu, anaamua nyasi zikatwe milimita ngapi, na uamuzi wake unaweza kupandisha au kushusha namba za watu wote waliocheza siku ile. Kamera haimfuati. Hapa pia promosyo nzima ya agronomi inaulizwa kwenye harusi: "Munasomea kulima? Si hata koko alilima bila lisansi?" Mimi nawajibu kwamba koko alikuwa agronomu mzuri, ila hakuna aliyeandika aliyoyajua, na ndiyo maana wa Georgia ndiye mwenye hati.

Kwa watangazaji ombi langu ni dakika moja. Mwaka 2028 gofu ya Olimpiki itachezwa Riviera. Wakati nchi zitakapokuwa zinatafuta nani wa kupeleka, sisi wa mashariki ya Kongo, pamoja na majirani zetu wa Kenya na Rwanda, tayari tuna mwakilishi aliyefika kabla ya wote na anayesubiri kiwanjani. Hana bendera wala viatu vya kampuni. Tafadhali msisubiri mtu akose mpira ndipo mseme jina lake.