Kiinitete na Mageuko: Tahakiki ya Kitabu cha Gould

Kitabu Ontogeny and Phylogeny cha Stephen Jay Gould, kilichopigwa chapa na Harvard University Press mwaka 1977, chastahili kusomwa na watu wa lugha, si na watu wa elimu ya viumbe peke yao. Nusu yake ya kwanza ni historia ya fikira moja, nayo yaonyesha jinsi mfano uliochaguliwa vibaya uwezavyo kuipotosha elimu kwa miaka mingi.

Fikira hiyo ni ya Mjerumani Ernst Haeckel, aliyeshikilia mwaka 1866 kwamba mnyama, angali tumboni au yaini, huirudia kwa ufupi safari yote ya wazee wake. Kiinitete cha binadamu kina mikunjo shingoni. Kwa Haeckel, huyo ni samaki mzima wa zamani aliyerudi. Lakini tangu mwaka 1828 Karl Ernst von Baer alikwisha kusema neno sahihi zaidi: kiinitete hakifanani na mnyama mzima wa jinsi nyingine, bali hufanana na kiinitete chake tu, yaliyo ya wote hutangulia, yaliyo ya kila jinsi hufuata. Msomaji aweza kudhani kuwa tofauti hii ni ndogo. Sivyo. Kwa Haeckel mageuko yamekuwa ngazi, na kila kiumbe kina daraja yake. Kwa von Baer ni matawi yaachanayo.

Ngazi hiyo haikukaa katika maabara. Gould aeleza jinsi wataalamu wa karne ya 19 walivyoitumia kudai kwamba Mwafrika mzima ni sawa na mtoto wa Kizungu. Kisha Louis Bolk, mwaka 1926, akaipindua nadharia: binadamu, alisema, ni nyani aliyebaki na umbo la utotoni. Sasa utoto umekuwa sifa. Basi yule aliyeitwa mtoto jana angepaswa leo kuwekwa mbele. Bolk hakumweka. Alidai kwamba Mzungu ndiye aliyebaki na utoto zaidi. Ushahidi uligeuzwa juu chini, na hukumu ikabaki pale pale. Kwangu mimi kurasa hizi ndizo zilizo bora katika kitabu kizima.

Nusu ya pili ni ya majira: kiungo kikiwahi au kikichelewa kukua, umbo jipya laweza kupatikana. Aksolotli wa Mexico huzaa angali na matamvua ya uluwiluwi. Akipewa homoni ya thairoidi aweza kuyapoteza na kutoka nchi kavu. Mfano ni mzuri, lakini Gould ameyatwika majira mzigo mkubwa mno. Mtazame kobe. Mfupa wake wa bega umo ndani ya mbavu, kwa kuwa mbavu zake hukua kuelekea ngozini badala ya kupinda kifuani. Hapa kilichobadilika hasa ni mahali, wala kuwahi na kuchelewa peke yake hakutoshi kueleza. Haeckel mwenyewe alilitenga jambo hili akalipa jina. Kitabu kimelipa nafasi ndogo.

Hatuwezi kumlaumu mtungaji kwa yaliyogunduliwa baadaye. Mwaka 1995 Walter Gehring na wenzake walitangaza kwamba jeni ya panya, ilipotiwa katika nzi, ilileta jicho. Nalo lilikuwa jicho la nzi, si la panya. Amri ni ya wote, jibu ni la kila mwili. Von Baer angelifurahi.

Limebaki suala letu la istilahi. Atakayefasiri kitabu hiki asitumie “maendeleo” kwa kukua kwa kiinitete na kwa kubadilika kwa jinsi pia, maana neno hilo tayari lina ngazi ndani yake, na kosa la Haeckel litaingia kimya kimya. Napendelea “ukuaji” kwa la kwanza na “mageuko” kwa la pili. “Kiinitete” hakina taabu: tete ni kitu ambacho hakijakomaa, nalo neno halidai kwamba kiumbe hicho ni mzima wa jinsi nyingine.