Kina cha Kati: Bayume Mohamed Husen Mbele ya Kamera

Nayaandika haya nikiwa Itigi, mkoani Singida, mbali na bahari, kando ya reli ambayo Wajerumani waliifikisha Tabora mwaka 1912. Majina ya watawala walioiamuru twayasoma vitabuni. Ya waliobeba mataruma hatuyajui. Filamu za Kijerumani za zama zilizofuata zina desturi iyo hiyo: bwana hutajwa, mpagazi hupita.

Mmoja wa wapitaji hao ni mwana wa Dar es Salaam. Mahjub bin Adam Mohamed, aliyezaliwa mwaka 1904, alijulikana Ujerumani kwa jina la Bayume Mohamed Husen. Alikuwa mtoto alipoingia jeshi la Wajerumani pamoja na babake katika Vita Kuu ya Kwanza. Mwaka 1929 alifika Berlin kudai mishahara yao iliyosalia. Hakulipwa. Akabaki huko, akawa mhudumu wa mkahawani, akafundisha Kiswahili chuo kikuu, na tangu 1934 akaigiza katika filamu zaidi ya 20.

Tukimpima mwigizaji kwa maneno aliyopewa, Husen si kitu: mtumishi, mpagazi, askari. Nafasi yake kubwa aliipata katika *Carl Peters* (1941) ya Herbert Selpin, akiwa Ramasan, msaidizi mwaminifu wa Peters. Filamu hiyo yamtukuza mtu ambaye serikali yake yenyewe ilimfukuza kazi mwaka 1897 kwa ukatili. Mwalimu wa Kiswahili akawekwa mbele ya kamera ili uongo juu ya nchi yake uaminike.

Wapo watakaosema alijiuza. Sikubaliani nao, wala simtakasi. Alivaa sare, akaigiza, akapokea ujira. Lakini aliyesafiri hadi Berlin kudai haki yake hakuwa Ramasan. Mwaka ule ule wa 1941 alikamatwa kwa uhusiano wake na mwanamke Mjerumani, akatiwa katika kambi ya Sachsenhausen bila hukumu ya mahakama, akafia humo tarehe 24 Novemba 1944. Uaminifu wa kwenye filamu haukumfaa kitu.

Mwaka 2013 Eva Knopf alitoa filamu yake *Majubs Reise*. Alivikusanya vipande vya sinema zile, akamtafuta Husen nyuma ya mabega ya mastaa. Huo kwangu ni uhakiki wa kweli, nasi washairi tunaujua. Kina cha kati hakivumi kama cha mwisho, lakini kikikosekana shairi huwa guni. Mwondoe Husen katika *Carl Peters*, na bwana yule hana wa kumwita bwana.

Tangu 2007 Berlin imeweka jina lake kwenye kijiwe cha kumbukumbu, barabarani. Malenga wa Pwani, mwana wenu huyu bado anangoja beti zenu.