Fanani wa sinema bubu ndiye aliyelitia gari kasi

KUNA wahakiki wanaoshikilia kwamba sinema ni picha, maneno ni kitoweo tu. Sikubaliani nao. Historia ya awali ya sinema nchini Japani inawasuta.

Filamu ya Kifaransa, Zigomar, ilipofika Tokyo mwaka wa 1911, ilikuwa bubu. Hata hivyo, watazamaji walifurika mtaani Asakusa kumwona jambazi akiandamwa na mpelelezi. Mwaka wa 1912 polisi waliipiga marufuku, wakihofia kwamba watoto wangeiga uhalifu. Je, msisimko huo ulitokana na picha pekee? Hasha! Kando ya pazia alisimama benshi, msimulizi aliyewasemea wahusika na kuwafafanulia watazamaji matukio. Sisi tungemwita fanani.

Hebu fikiria, msomaji, gari linalopigwa mbio kwenye picha isiyo na sauti. Injini haingurumi, breki hazilii. Linapita kama kivuli. Anayelitia kasi ni msimulizi: anafupisha sentensi, anapandisha sauti, anatumia tanakali. Kijapani, sawa na Kiswahili, kina utajiri mkubwa wa tanakali za sauti. Sisi husema gari lilipita vuuu, likatumbukia mtaroni pu! Ondoa hiyo vuuu na pu, uone kama kuna atakayeshtuka.

Wakati huo Wajapani walikuwa wameanza kupenda kasi yenyewe. Mwaka wa 1924 Soichiro Honda, angali kijana, alikuwa fundi ndani ya gari lililoshinda mbio huko Tsurumi, karibu na Yokohama. Mwaka wa 1931 filamu ya Heinosuke Gosho, Madamu to Nyobo, ikaja na sauti, pamoja na wimbo wa kusifu enzi ya kasi. Ajabu ni kwamba filamu hiyo iliyoiimba kasi ilikuwa miongoni mwa zile zilizowanyang'anya mafanani unga. Mmoja wao, Heigo, kaka yake mwongozaji Akira Kurosawa, alijitoa uhai mwaka wa 1933.

Kumbe basi tusiwabeze wasimulizi wetu. DJ Afro anapoisimulia filamu ya kigeni kwa Kiswahili kilichochanganyika na Sheng, wapo wanaosema ati anaharibu lugha. Mimi nasema anafanya kazi ya benshi. Wanafunzi wa fasihi simulizi na wamrekodi, wamchambue, kabla teknolojia nyingine haijamnyamazisha.