Fimbo ya Hans na Mji wa Mansfeld: Kukisoma Upya Kitabu cha Erikson juu ya Ujana wa Luther

Utangulizi

Katika habari zote za utoto wa Martin Luther, hakuna isimuliwayo mara nyingi kuliko ile ya kokwa. Mwaka 1537, akiwa mezani pamoja na wanafunzi wake, Luther alikumbuka jinsi mamaye alivyomchapa kwa ajili ya kokwa moja, kitu kidogo kama korosho, hata damu ikatoka. Alikumbuka pia kwamba babaye aliwahi kumchapa vikali hata akamkimbia, na kwamba ilimgharimu baba huyo juhudi kuupata tena moyo wa mwanawe.

Habari hiyo imetumiwa mimbarani kwa njia mbili. Wako wanaoitumia kuitetea fimbo, wakisema kwamba ndiyo iliyomfinyanga Mtengenezaji wa Kanisa. Wako pia wanaoitumia kumshutumu mzazi, wakisema kwamba hofu yote aliyokuwa nayo Luther mbele za Mungu ilianzia nyumbani kwao. Mawazo ya kundi hili la pili yalipata vazi la kitaalamu mwaka 1958, Erik Erikson alipotoa kitabu chake *Young Man Luther*. Twaona inafaa kukipima kitabu hicho tena, kwa kuwa swali lake ni swali la kila mzazi na kila mchungaji: je, nyumba na mji tuliokulia ndivyo vinavyoamua tutakuwa nani?

Hoja ya Erikson

Erikson (1902–1994) alikuwa mchambuzi wa nafsi aliyeshughulika sana na vijana. Ndiye aliyelieneza wazo kwamba kijana hupita katika kipindi cha mashaka, ambapo hana budi kuamua yeye ni nani mbele ya wale waliomlea. Kwa maoni yake, Hans Luther alimlea mwanawe kwa ukali na kumkusudia kazi ya sheria; mwana akaukimbia ugomvi huo kwa kuingia utawa, lakini akauchukua pamoja naye. Mungu mwenye hasira aliyemtesa Luther katika chumba chake cha utawa alikuwa, kwa sehemu kubwa, sura ya Hans iliyokuzwa.

Kitabu hiki hakistahili kubezwa. Erikson hayafanyi mateso ya Luther kuwa wazimu, kama walivyofanya wengine kabla yake. Tena anatukumbusha kwamba mwanateolojia naye alikuwa mtoto. Wengi wetu tumezoea kumwanza Luther tarehe 31 Oktoba 1517, kana kwamba alizaliwa na nyundo mkononi. Erikson anaturudisha nyuma ya tarehe hiyo, na kwa hilo tunamshukuru.

Udhaifu wa ushahidi

Lakini nyumba hii kubwa imejengwa juu ya nguzo chache. Erikson anaanza na habari ya Luther kuanguka katika kwaya ya watawa akipiga kelele, habari iliyotoka kwa wapinzani wake. Visa vya fimbo navyo ni maneno machache ya mezani, yaliyoandikwa na watu wengine kutoka kinywani mwa mtu aliyekwisha kupita miaka hamsini. Na katika mazungumzo yayo hayo Luther alikiri kwamba wazazi wake walimkusudia mema, ijapokuwa hawakujua kuipima adhabu kwa kadiri ya moyo wa mtoto. Wanahistoria, akiwamo Roland Bainton, waliyaonyesha mapungufu hayo zamani.

Twaongeza jambo jingine: katika kitabu hiki mama karibu hayupo. Mwaka 1981 Ian Siggins alionyesha kwamba Margarethe, mamaye Luther, alitoka katika ukoo wa Lindemann wa Eisenach, ambao ulikuwa na watu wenye elimu. Kijana alipopelekwa Eisenach kusoma mwaka 1498, alikuwa anakwenda kwa wajomba zake. Sisi tuliolelewa na methali isemayo kwamba asiyefunzwa na mamaye hufunzwa na ulimwengu, tungalistahili kuuliza mapema zaidi: mama huyu, zaidi ya kuchapa, alifunza nini?

Mji uliosahauliwa

Upungufu mkubwa zaidi, kwa maoni yetu, ni kwamba Erikson ameitazama mno fimbo ya Hans, wala hakuutazama vya kutosha mji wa Hans. Luther alizaliwa Eisleben tarehe 10 Novemba 1483, lakini mwaka uliofuata wazazi wake walihamia Mansfeld, mji wa shaba uliokuwa chini ya ngome za watawala wake. Hapo Hans alikodi matanuru ya kuyeyushia shaba, akawa miongoni mwa wakuu wa mji. Mwaka 2003 wanaakiolojia walichimbua shimo la takataka la nyumba hiyo, wakakuta mifupa ya nguruwe, bata bukini, kuku na samaki, na hata gololi za udongo walizochezea watoto. Basi haikuwa nyumba ya njaa, wala haikuwa nyumba isiyo na mchezo. Lyndal Roper, katika wasifu wa Luther alioutoa mwaka 2016, ameitenga sura ya kwanza kwa ajili ya mji huu na machimbo yake, na hapo ndipo anapomzidi Erikson.

Maana ya jambo hili si ndogo. Biashara ya shaba ilikuwa biashara ya mikopo, mikataba na bahati. Mtu aliweza kutajirika kwa mwamba mmoja na kudidimia kwa mwingine. Watu wa namna hiyo hujua hofu, nao hutafuta mlinzi. Wachimbaji wa madini walimtafuta Mtakatifu Anna. Tarehe 2 Julai 1505, radi ilipompiga bumbuazi karibu na Stotternheim, mwanafunzi wa sheria wa Erfurt aliliita jina hilohilo na kuweka nadhiri ya kuwa mtawa. Hakuitafakari teolojia wakati ule. Aliita kwa lugha ya machimboni kwao. Hofu ya mtu, kama sala yake, huwa na lafudhi ya nyumbani.

Hata hivyo, la hasha, hatusemi kwamba Mansfeld ulimzaa Mtengenezaji. Martin alikuwa na ndugu yake, Jakob, aliyekulia nyumba ileile katika mji uleule, chini ya baba na mama walewale. Jakob alibaki Mansfeld akafanya kazi ya babaye ya kuyeyusha shaba. Ikiwa fimbo na mji vyatosha kumweleza mmoja, vinamwelezaje wa pili? Nyumba na mji vilimpa Luther maswali na maneno ya kuulizia, lakini jibu halikutoka kwa Hans wala machimboni. Alilipata katika Maandiko, baada ya miaka mingi.

Baba na Mungu

Hapa ndipo tunapotofautiana na Erikson katika kiini cha hoja yake. Mwaka 1507 Hans alikuja na wapanda farasi 20 kuhudhuria misa ya kwanza ya mwanawe. Mezani aliuliza kama wasomi hawa hawajasikia kwamba baba na mama waheshimiwe, tena akaonya kwamba ile radi pengine ilikuwa hila ya shetani. Neno hilo lilimchoma Luther, asilisahau. Mwaka 1521, akiwa amefichwa Wartburg, aliandika kitabu juu ya nadhiri za watawa, akakitanguliza kwa barua kwa babaye. Humo alikiri kwamba Hans alikuwa na haki, na kwamba yeye alivunja amri. Lakini akaongeza kwamba aliyemtoa katika vifungo vya nadhiri si baba, bali ni Mungu mwenyewe.

Msomaji aipime barua hiyo. Kama Mungu wa Luther angalikuwa Hans aliyekuzwa, Mungu huyo angalipungua kadiri mwana alivyopatana na babaye. Kilichotokea ni kinyume chake. Kwa kuwa Mungu ni Mungu, Hans aliweza kuwa Hans tu: mtu wa kuheshimiwa, wa kupingwa, na wa kusamehewa. Amri ya nne haikufutwa na ile ya kwanza. Iliwekwa mahali pake.

Matunda yake yanaonekana mwaka 1530. Hans alifariki tarehe 29 Mei, na habari ilipomfikia Luther huko Coburg, alichukua Zaburi zake, akaingia chumbani, akalia. Wiki mbili baadaye, mwezi uleule wa Juni, alimwandikia mwanawe wa miaka minne, aliyeitwa Hans kwa jina la babu yake, barua juu ya bustani nzuri ambamo watoto wanaosali na kusoma hucheza na kupanda farasi wadogo. Mtoto aliyechapwa kwa kokwa moja alikuwa sasa anamvuta mwanawe kwa ahadi.

Tusimfanye Luther malaika, maana kama baba alikuwa na ukali wake pia. Wala urithi wa ukoo haukutoweka: Hans mdogo alipokua alisoma sheria, kazi ileile ambayo babu yake aliikusudia kwa Martin.

Hitimisho

Sisi tunaoandaliwa au tuliokwisha kuwekwa katika uchungaji hatuna budi kuiacha ile njia ya kwanza ya kuhubiri habari ya kokwa. Luther mwenyewe hakuisimulia ili kuisifu fimbo. Aliisimulia kama onyo, akataka tufaa liwe kando ya fimbo. Anayesoma Mithali 13:24 kwa sauti kuu na kuipita Waefeso 6:4 kwa kunong'ona hamtumii Luther ipasavyo, wala Maandiko.

Njia ya pili nayo haifai. Kijana ajaye ofisini mwa mchungaji akiwa amebeba jeraha la nyumbani asikilizwe hadi mwisho, wala asinyamazishwe kwa amri ya nne. Lakini asiambiwe kwamba jeraha lile ndilo yeye, maana kumwambia hivyo ni kumrudisha chini ya fimbo aliyoikimbia. Hapo Erikson, pamoja na huruma yake yote, hana neno la kumpa zaidi ya maelezo. Mchungaji analo: kwamba yuko Baba asiyefanana na Hans, ambaye mbele zake Hans naye ni mtoto.