Neno "Mpagazi" na Usomaji wa Habari za Urambo

Katika habari za Mtemi Mirambo wa Urambo, aliyefariki mwaka 1884, limo jambo ambalo wasomaji wengi hulipita upesi: imesimuliwa kwamba katika ujana wake alipata kuwa mpagazi. Msomaji wa leo asomapo hayo hudhani ya kuwa mtemi huyo alianzia katika unyonge, kisha akapanda. Makusudi ya makala haya ni kuonyesha kwamba dhana hiyo haitokani na habari zenyewe, bali na mabadiliko yaliyolipata neno.

Mpagazi huhusishwa na kitenzi pagaa, yaani kuchukua mzigo begani. Kamusi humweleza kuwa ni mchukuzi wa mizigo, na kumweka jirani na hamali. Maelezo hayo si ya uongo, ila yamepungukiwa. Hamali ni mtu wa mjini na bandarini. Jioni hutua mzigo akarudi kwake. Mpagazi wa Unyamwezi alifunga safari ya miezi baina ya Tabora na Bagamoyo, akiwa na mzigo wa kadiri ya frasila mbili, yaani karibu kilo 32, nyuma ya kirangozi aliyeijua njia. Ujira na posho vilipatanwa kabla ya kuondoka, na patano likivunjwa, wapagazi waliweza kutua mizigo wakagoma, au kutoroka. Tena wasafiri wa karne ya 19 waliandika kwamba kijana wa Kinyamwezi asiyefika pwani hakuhesabiwa kuwa mtu mzima. Basi kusema kwamba Mirambo alikuwa mpagazi ni kusema kwamba alipita chuo cha wanaume wa nchi yake. Mtu aliyeifunga njia ya misafara katika vita vyake na Waarabu wa Tabora, vilivyoanza mwaka 1871, alijua vema thamani ya njia hiyo.

Hata hivyo yatupasa tusiipambe kazi hii kupita kiasi. Watumwa nao walibebeshwa mizigo, na njaa na ndui viliua wengi njiani. Katika Maisha ya Hamed bin Muhammed, yaani Tippu Tip, twasoma jinsi wachukuzi wa Kizaramo walivyomtoroka, naye akawakamata na kuwatia minyororo. Lakini asimuliaye hapo ni mwenye mali. Kwake kutoroka ni hasara na hiana. Mpagazi mwenyewe hakuandika kitabu. Mhakiki asiyeikumbuka tofauti hiyo huchukua lalamiko la tajiri akalifanya maana ya neno.

Neno lilishuka kwa hatua mbili. Kwanza reli ya kati ilifika Tabora mwaka 1912, ikapita Urambo, ikafika Kigoma mwaka 1914. Safari ndefu ya miguu ikapoteza soko, na sifa yake pamoja nayo. Kisha vikaja vita vya 1914 hadi 1918. Majeshi ya pande zote yalikamata watu kwa nguvu wabebe vyakula na risasi, na makumi ya maelfu yao wakafa kwa maradhi na uchovu. Jina la Kariakoo mjini Dar es Salaam ni ukumbusho wa kikosi hicho cha wachukuzi. Patano likaondoka katika maana ya kazi. Ukabaki mzigo mtupu.

La kustaajabisha ni kwamba uchukuzi, jina la shughuli, umepanda hata kuwa jina la wizara, ambapo mchukuzi na mpagazi wamebaki chini. Leo mpagazi husikika zaidi mlimani Kilimanjaro, abebapo mizigo ya watalii. Na hapo pia swali kubwa ni lile la zamani, yaani uzito wa mzigo na haki ya ujira.

Kwa hiyo ni vema watungaji wa kamusi watenge maana za neno hili kwa zama zake: mpagazi wa patano, mpagazi wa kukamatwa, na mpagazi wa mlimani. Pasipo kufanya hivyo, kila kijana wa Urambo aliyekwenda pwani kwa hiari yake na kurudi na vitambaa vyake ataendelea kusomwa kama kuli, au hata kama mtumwa, na kamusi ndiyo itakayokuwa imemvika minyororo.