Fundi wa kusawazisha sauti

Mpe fundi mzuri wa sauti rekodi iliyofanywa kwa simu chini ya mwembe pale Itetemia, kwenye makao ya watemi wa Unyanyembe, kisha kaa pembeni umtazame. Muulizaji ndiye aliyeshika simu, kwa hiyo sauti yake inavuma. Babu anayesimulia amekaa mbali kidogo, yake inafifia. Ukiongeza sauti umsikie babu, swali linalofuata linakuumiza masikio.

Fundi hana studio. Ana kompyuta, hedifoni na Audacity, programu ya bure iliyoanza kutolewa mwaka 2000. Fundi hakuzi rekodi yote kwa mkupuo, maana kipimo hufuata kilele kirefu kuliko vyote: kikohozi kimoja kikigonga dari, yaani desibeli sifuri, maneno yote hubaki chini palepale. Kwa hiyo huanza na vikohozi na vicheko. Anakivuta karibu kipande cha wimbi kwenye skrini, anakitia alama, anakishusha desibeli 6, kimo chake kinabaki nusu. Kisha anakwenda swali kwa swali: la muulizaji analishusha, jibu la babu analipandisha. Lakini jibu likipanda, jogoo wa jirani na upepo navyo vinapanda, basi anajua pa kuishia. Mwishoni ndipo anapoweka kompresa, kidogo tu, ibane vilele vilivyobaki. Halafu anainua rekodi nzima, akiacha desibeli moja au mbili chini ya dari ili sauti isipasuke.

Ufundi hasa uko pale anapozuia mkono. Katika masimulizi yake, babu amefika kwa Mtemi Isike wa Unyanyembe, Januari 1893: Wajerumani wamelivamia boma, mtemi anawasha baruti afe humo humo. Hapo babu anashusha sauti kwa makusudi. Kwenye skrini wimbi lake ni jembamba sawasawa na pale alipogeuza uso kufukuza kuku huku akiendelea kusema. Kwa kompresa, yote mawili ni unyonge wa sauti. Fundi anarudia kusikiliza. Maneno ya wakati wa kuku anayapandisha yalingane na mengine. Ya kifo cha Isike anayainua kiasi cha kusikika tu, yabaki chini kama msimulizi alivyotaka.

Atakayesikiliza kwenye redio ndogo dukani hatagusa kitufe cha sauti tangu mwanzo hadi mwisho, na sifa zote atampa babu kwa kujua kusimulia. Za fundi nazitoa mimi.