Ufundi wa Madamu wa Darasa la Kwanza

Kufundisha darasa la kwanza ni ufundi, tena ufundi wa mikono. Nenda Butembo, mashariki mwa Kongo (DRC), mwezi wa tisa, asubuhi, ukungu ungali vilimani. Watoto wa miaka sita, mashati meupe, wamebanana kwenye mabenchi. Tangu shule za msingi za serikali zitangazwe bure mwaka 2019, madarasa yamefurika.

Mtoto hajui programu wala inspekta. Anajua miguu yake haifiki chini, jirani ana chaki ndefu kuliko yake, na Madamu anasema Kiswahili ilhali nyumbani wamemwamsha kwa Kinande. Madamu huanzia hapo hapo. Anauliza kwa Kiswahili. Akiona macho yametoka, anarudia kwa Kinande, kisha anarejea. Kifaransa kitangoja zamu yake. Sheria ya elimu ya mwaka 2014 imezipa lugha za taifa na za mazingira nafasi ya kufundishia shule ya msingi, lakini saa ya kuvuka kutoka lugha moja hadi nyingine haikuandikwa. Hiyo Madamu huisoma usoni mwa watoto.

Tazama herufi b kwenye ardwazi, kibao cha kuandikia. Mtoto ameigeuza, tumbo linaangalia kushoto. Madamu hafoki. Anainama nyuma yake, anaufunika mkono mdogo kwa mkono wake: wanashuka pamoja, wanapanda nusu, wanazungukia kulia. Mara ya tatu anaulegeza mkono. Mtoto anamaliza herufi bila kujua kwamba ameachiwa. Kushika ni rahisi. Kujua lini uachie, ndiyo kazi.

Hesabu nazo zina vitu vya kushika: vijiti kumi vimefungwa kwa kamba ya mgomba. Kumi toa tatu? Fungueni fungu. Vitatu pembeni, vilivyobaki vinahesabiwa kwa sauti, na aliyekosea anahesabu tena.

Kisha kuna mtoto anayeingia katikati ya mwaka, wazazi wamekimbia mauaji ya upande wa Beni. Haulizwi mbele ya wenzake alikotoka. Anakalishwa kando ya mwenye ardwazi, anapewa kazi ya kufuta ubao. Kengele ya mapumziko ikilia, tayari ana wa kucheza naye.

Mzazi anayetafuta shule huuliza wangapi walifaulu ENAFEP, mtihani wa taifa wa darasa la sita. Si vibaya. Ila swali la kwanza lingekuwa: darasa la kwanza anafundisha nani?